Namna ya Kumpitisha Shujaa Njia ya Hatari na Msomaji Akakubali

Msomaji wa hadithi za safari za kishujaa ana swali moja ambalo hakuachii: kwa nini wasizunguke? Ukimwingiza shujaa msitu wa mazimwi ilhali barabara ipo pembeni, ujasiri wake wote utaonekana upumbavu. Basi kabla hujaandika hata mstari mmoja wa msitu, shughulikia ile njia ya salama. Ifunge, na msomaji aone inavyofungwa.

Anza na hesabu. Chora ramani, hata ya ovyo, uandike umbali. Mtu mwenye mzigo hutembea kilomita 20 hivi kwa siku kwenye tambarare. Milimani mpe 10. Posho yake ni kibaba cha nafaka kwa siku, kama gramu 700. Tuseme kuuzunguka mlima ni kilomita 480: siku 24, karibu kilo 17 za nafaka kwa kila kichwa. Kuukatiza ni kilomita 140: siku 14, kilo 10. Mgonjwa anayesubiri dawa akiwa na siku 18 za kuishi, ramani imeshaamua. Maji hubana zaidi ya chakula. Kwenye jua kali usimpe mtu chini ya lita 4 kwa siku, nazo ni kilo 4. Nyika ya siku saba isiyo na kisima ni kilo 28 za maji mgongoni, na mzigo wa mpagazi wa misafara ya zamani ulikuwa kilo 30 hivi. Nyika hiyo haihitaji joka la kuilinda.

Muda peke yake hautoshi, maana msomaji atauliza habari za farasi na mashua. Weka kizuizi cha pili, na historia yetu inavyo vya kutosha. Mwaka 1871 Stanley, mwanahabari aliyekuwa akienda Ujiji kumtafuta Livingstone, alikwama Tabora kwa sababu vita vya Mirambo, mtawala wa Kinyamwezi, vilikuwa vimefunga njia. Akazunguka kusini, mbali zaidi. Alipofika Uha, nchi ya Waha karibu na Ujiji, njia ilikuwa wazi, ila kila mtawala alidai hongo, yaani ushuru wa kupita; mali ikazidi kupungua hadi akaamua kuacha njia kuu na kupita porini usiku. Ndani ya safari moja, hatari aliikwepa mara ya kwanza na kuichagua mara ya pili, na mara zote mbili tunamwelewa. Hongo ni kifaa kizuri mno kwa mwandishi: barabara haina adui, lakini atakayeipita atafika mikono mitupu.

Kisha wasafiri wako wajaribu kwanza ile njia ya salama na iwagharimu: siku mbili, punda mmoja, nusu ya unga. Usivunje daraja kwa bahati mbaya siku ileile wanapofika. Aliyelivunja awe na sababu, na habari zake zisikike mapema.

Mabishano ya njiani yawe mafupi, kila mtu aseme anachokijua:

"Mzee, tuzunguke. Siku kumi za ziada si kitu."
"Unga tulio nao ni wa siku kumi na tano, mwanangu. Tisa zilizobaki utakula nini?"
"Na kule juu kukoje?"
"Nimepita mara moja. Tuliingia sita, tukatoka wanne."

Jibu la mwisho ndilo linalobeba sura nzima. Kuanzia hapo msomaji atawahesabu wasafiri kila wanapopiga kambi. Lakini uamuzi autoe shujaa mwenyewe, akiwa ameshasikia hayo. Mzee anayesema "utaelewa baadaye" anamnyang'anya shujaa uzito wa chaguo lake, na vifo vitakavyofuata havitakuwa vya mtu.

Hatari iliyotajwa lazima ije, ingawa isije kwa sura ileile waliyosimuliwa. Na njia uliyoifunga ibaki imefungwa. Kosa hili huharibu hadithi nyingi: sura ya ishirini jeshi la msaada linawasili kwa barabara ileile, tena kwa wakati. Kagua uchawi pia. Kama kundini kuna mtu anayeruka kwa ungo, eleza tangu sura ya kwanza kwamba ungo hubeba mmoja tu, na kwamba akitua huwa hana nguvu siku tatu.