Jinsi ya kuandika wasifu wa mwanasiasa wa jimbo aliyekuwa jaji wa shirikisho Marekani

Tengeneza msamiati kwanza, tarehe zitafuata. Majimbo 49 kati ya 50 ya Marekani yana seneti yake, mbali na Seneti ya taifa iliyoko Washington. Ukiandika "aliyekuwa seneta" ukaishia hapo, msomaji atadhani mtu wako alitunga sheria za nchi nzima, kumbe alikuwa kwenye mji mkuu wa jimbo, kama Albany au Phoenix, akijadili bajeti ya jimbo. Kosa la pili ni "Mahakama ya Wilaya". Kwa Mtanzania hiyo ni mahakama ya hakimu. Ya Marekani ndiyo ngazi ya kwanza ya mahakama za shirikisho, ziko 94, na kwa kawaida jaji wake hushika kiti maisha. Kwa uzito inakaribia Mahakama Kuu yetu, kwa hiyo andika "Mahakama ya Shirikisho ya Wilaya" na ueleze mara moja. Mkuu wake mwite jaji kiongozi. Ukisema Jaji Mkuu, umempeleka Mahakama ya Juu.

Kwa mfano tumchukue Constance Baker Motley, wakili wa haki za kiraia. Mwaka 1964 aliingia Seneti ya Jimbo la New York, mwanamke wa kwanza mweusi humo. Mwaka 1965 akawa rais wa Manhattan, cheo cha uongozi wa sehemu moja ya Jiji la New York (neno "rais" hapo lisikutishe, lakini lifafanue). Mwaka 1966 akawa mwanamke wa kwanza mweusi kuwa jaji wa shirikisho.

Sasa fungua kumbukumbu za majaji zinazotunzwa na Federal Judicial Center, taasisi ya utafiti na mafunzo ya mahakama za shirikisho. Kila jaji ana tarehe tatu: kuteuliwa na rais, kuthibitishwa na Seneti ya taifa, na kupewa hati ya kazi. Usizichanganye. Rais Lyndon Johnson alimteua Motley tarehe 26 Januari 1966. Seneti ikamthibitisha tarehe 30 Agosti, na hati ikatoka siku hiyohiyo. Anayeandika "akawa jaji Januari 1966" amekosea kwa miezi 7, tena ameruka sehemu yenye habari.

Maana pengo refu kati ya kuteuliwa na kuthibitishwa halikosi sababu, na kazi yako ni kuitafuta. Mwenyekiti wa kamati ya Seneti inayochuja majaji alikuwa James Eastland wa Mississippi, mtetezi wa ubaguzi wa rangi. Motley ndiye aliyekuwa wakili wa James Meredith, mwanafunzi mweusi aliyefungua mlango wa Chuo Kikuu cha Mississippi mwaka 1962. Hapo huhitaji kupiga ramli. Kwa majaji wa zama hizi, angalia pia karatasi ya bluu: maseneta wawili wanaowakilisha jimbo husika katika Seneti ya taifa huombwa maoni, na mmoja asiporudisha karatasi, jina la jaji wa wilaya kwa kawaida hukwama. Kwa mahakama za rufaa, tangu 2018 kizuizi hicho hakitumiki tena.

Angalia kama kuna daraja kati ya siasa za jimbo na kiti cha jaji wa shirikisho. Sandra Day O'Connor hakuruka moja kwa moja: alitoka Seneti ya Arizona, akawa jaji wa kaunti ya Maricopa mwaka 1975, akapanda mahakama ya rufaa ya jimbo mwaka 1979, ndipo mwaka 1981 akathibitishwa Mahakama ya Juu kwa kura 99 kwa 0. Motley hakuwahi kuwa jaji wa jimbo. Katiba haidai uzoefu huo. Haidai hata shahada ya sheria.

Sehemu inayotaka subira ni siasa zake za zamani baada ya kuvaa joho. Usiandike kwamba jaji "alipaswa kujiondoa" kwa kuwa tu aliwahi kupigia kura sheria fulani au kutetea jambo fulani. Kifungu cha 455 cha Juzuu ya 28 ya sheria za Marekani kinatazama mambo kama maslahi ya fedha, undugu, na kama jaji alishiriki kesi yenyewe alipokuwa serikalini. Mwaka 1975, katika kesi ya ubaguzi wa kijinsia dhidi ya kampuni ya mawakili Sullivan & Cromwell, Motley aliombwa ajiondoe kwa sababu ya historia yake ya kutetea haki. Alikataa: kila jaji ana jinsia na rangi, na wengi wana historia ya uwakili, kwa hiyo kwa kigezo hicho asingebaki wa kusikiliza. Soma uamuzi wenyewe, usitegemee muhtasari wa magazeti.

Mwisho, tenganisha kustaafu na hadhi ya jaji mwandamizi. Mwenye miaka 65 ambaye umri na utumishi wake vinafika jumla ya 80 anaweza kuachia kiti kijazwe na mwingine, huku akiendelea kusikiliza kesi kwa mzigo mwepesi. Motley alikuwa jaji kiongozi kuanzia 1982, akawa mwandamizi mwaka 1986, na utumishi wake ulikoma Septemba 2005, alipofariki. Ukiandika "alistaafu 1986" umemnyang'anya miaka 19.