Akitekti, weka rekodi za michoro kabla hujaulizwa

Siku mambo yakiharibika, swali la kwanza halitakuwa kama mchoro wako ulikuwa mzuri. Utaulizwa kontrakta alijenga kwa mchoro upi, revisheni gani (yaani toleo lililorekebishwa), nani alimpa na lini. Kwa hiyo anza na rejista ya michoro, hata kama ni ya Excel tu: namba ya shiti, herufi ya revisheni, tarehe, umemtumia nani, na umetuma kwa ajili ya nini, yaani bei, kibali au ujenzi. Hiyo ya mwisho watu wanaipuuza alafu unakuta saiti wanamwaga zege kwa mchoro uliotoka kwa ajili ya bei tu.

Kwenye kiboksi cha revisheni usiandike "marekebisho madogo", hayo ni maneno ya bure. Andika "Rev C: mlango D4 umesogezwa sentimita 30 kushoto, mteja ameomba", na uzungushie wingu, yaani mstari wa mawimbi, sehemu iliyobadilika. Ya zamani usiifute, igonge IMEPITWA uipeleke kwenye folda yake, na saiti waambie kwa maandishi waondoe nakala za zamani.

Maagizo ya simu ndo balaa. Ukishakata simu andika imeili siku hiyohiyo, "kama tulivyoongea asubuhi, tumekubaliana hivi na hivi", mistari mitatu inatosha. Za WhatsApp nazo zihifadhi kwenye faili la mradi, simu zinapotea.

Michoro ya fundi wa vyuma au madirisha ikija kwako, gonga muhuri unaosema umeipitia kuona kama inaendana na usanifu, vipimo vya saiti na namna ya kujenga vinabaki kwake. Ila ukiona kosa ukanyamaza, usitegemee huo muhuri ukuokoe. Ripoti ya saiti vilevile, andika ulichokiona, usiandike "kazi yote iko sawa" wakati umepita nusu saa tu.

Sasa bima ya dhima ya kitaaluma, ile inayokukinga ukidaiwa kwa kosa la kazi yako. Kwa kawaida inayolipa ni ile iliyo hai siku unadaiwa, sio ya siku uliyochora, kwa hiyo ukifunga ofisi ukaacha kulipia bima, kazi zako za zamani zinabaki wazi kabisa. Ukisikia tu mteja ananung'unika kuhusu nyufa, waarifu bima mapema, na usikiri kosa wala kuahidi fidia kabla hujaongea nao. Na mkataba ukikutaka "uhakikishe" jengo halitakuwa na kasoro, kataa hilo neno, bima nyingi hazigusi ahadi za hivyo.

Kuhifadhi ni miaka mingapi? Inategemea sheria ya ulipo: England na Wales madai ya mkataba wa kawaida ni miaka 6, ule wa hati rasmi (deed) 12, Ufaransa dhamana ya kasoro kubwa ni 10 tangu jengo lipokelewe. Muulize wakili, alafu ongeza kidogo. Na weka PDF pamoja na faili za CAD (za programu ya kuchorea), maana programu ya leo baadaye inaweza isifungue kitu.