Filamu fupi bubu ya kumcheka mtanashati

Mimi ni kinyozi hapa Arua, kaskazini-magharibi mwa Uganda, na watu nawajulia kiooni. Mzee wa heshima zake akikalia kile kiti, anageuza shingo kama binti wa harusi. Kwa hiyo ukitaka kutengeneza kichekesho bubu kwa simu yako, mlevi na mwizi waache, mchukue anayejipenda. Ububu wenyewe una faida huku kwetu: bench langu hukaliwa na Mlugbara, Mkakwa na Mualuri, na wote hucheka pamoja bila kungoja VJ, yule mtafsiri wa filamu wa kibanda cha video, awatafsirie.

Anza na kile anachokificha. Mhusika wangu ana mvi, ametia piko, ile rangi nyeusi ya nywele, amevaa kanzu nyeupe na koti, anakwenda ukweni. Mtazamaji ameshajua kitakachoharibika; kazi yako ni kumcheleweshea. Mhusika ajitazame kwenye kioo cha bodaboda. Dereva aondoke polepole, naye amfuate kainama vilevile, kitana mkononi, hadi katikati ya barabara. Jua likolee. Tone la kwanza la jasho lenye piko alifute kwa kidole, la pili kwa leso, la tatu limwangukie kanzuni. Na asibinue midomo wala kutoa macho! Yeye anaamini amependeza. Akishajua kuwa anachekesha, hakuna atakayecheka.

Mwaka 1914 Charlie Chaplin, mchekeshaji wa filamu bubu, alijichagulia suruali pana, koti la kubana, kofia ndogo na viatu vikubwa, kila kitu kikigombana na mwenzake. Koti fupi la mikono utalipata kwenye mitumba. Kanzu pengine ni ya kuazima, basi piko usiitumie: pakaa kahawa nzito kwa sponji ukingoni mwa nywele. Ukigeuza picha iwe nyeusi na nyeupe, haitajulikana. Onyesho hilo la matone lipige mwisho, kisha kanzu ifuliwe siku hiyohiyo.

Simu iegemeze mahali, ionyeshe mwili mzima, maana miguu nayo huigiza. Jua la utosini hufanya macho yawe mashimo, hivyo piga kabla ya saa tatu asubuhi au baada ya saa kumi jioni. Zamani kamera zilizungushwa kwa mkono, mara nyingi picha 16 hadi 18 kwa sekunde, na zikionyeshwa kwa haraka zaidi watu walikwenda mbiombio. Wewe ongeza kasi kidogo tu, mara 1.2 hivi.

Maandishi mawili ya kusomwa katikati ya picha yanatosha. Mwonyeshe mtu asiyeijua hadithi, atakapouliza "huyu anafanya nini?", kipande hicho kapige upya.