Somo: Umeenguliwa kwenye maombi ya kituo cha mafuta India? Anza na tarehe

Indian Oil, Bharat Petroleum na Hindustan Petroleum, kampuni za mafuta za serikali ya India, hutangaza maeneo yanayohitaji kituo, hupokea maombi, kisha mara nyingi mshindi hupatikana kwa droo. Kesi nyingi huzaliwa baada ya hapo: mtu ameshinda, makaratasi yake yanakaguliwa, anaambiwa hana sifa. Inaniuma kusoma hukumu hizi, kwa sababu wengi walioanguka walikuwa na ardhi ya kweli. Kilichowaponza ni tarehe.

Hatua ya 1: Shika mwongozo wa tangazo uliloombea

Usitumie mwongozo mpya wala maelezo ya mtaani. Kwa tangazo kubwa la Novemba 2018, kwa mfano, waombaji waligawanywa makundi 3. La 1 ni wenye kiwanja tayari, kwa umiliki au kwa pango la angalau miaka 19 na miezi 11. La 2 ni wenye ahadi thabiti ya kuuziwa au kukodishiwa. La 3 ni wasio na kiwanja. Kundi la 1 ndilo linaloanza kuangaliwa, kwa hiyo kila mtu anataka kuingia humo, hata ambaye kiwanja chake bado kiko mdomoni mwa mwenye nacho.

Hatua ya 2: Panga tarehe zako kwenye karatasi moja

Chukua mkataba wa pango uliosainiwa tarehe 10. Fomu imetumwa tarehe 12. Geuza ukurasa wa mwisho: mhuri wa msajili unasema tarehe 20. Je, tarehe 12 ulikuwa na kiwanja?

Pango la zaidi ya mwaka mmoja lazima lisajiliwe kwa Sheria ya Usajili ya 1908. Lakini kifungu cha 47 cha sheria hiyohiyo kinasema hati ikishasajiliwa huhesabiwa tangu wakati ambao ingeanza kufanya kazi kama usajili usingehitajika. Hiyo ni hoja nzuri, nami naipenda. Ila mwongozo ukiwa umetaka hati iwe *imesajiliwa* kufikia siku ya kuomba, hoja inapungua nguvu sana, maana hapo linaloulizwa ni kama ulitimiza sharti la tangazo. Soma sentensi hiyo neno kwa neno kabla hujamlipa wakili.

Hatua ya 3: Dai sababu kwa maandishi

Usikubali jibu la simu. Kwenye kesi ya Mohinder Singh Gill, iliyoamuliwa Desemba 1977, Mahakama ya Juu ilisema uamuzi wa mamlaka hupimwa kwa sababu zilizoandikwa ndani yake, si kwa sababu mpya zinazoletwa baadaye kwa kiapo. Barua ikisema tatizo ni tarehe ya pango, wasije mahakamani kukugeuzia upana wa kiwanja.

Hatua ya 4: Mahakama Kuu, tena mapema

Ombi huenda chini ya ibara ya 226 ya Katiba, hoja kuu ikiwa usawa wa ibara ya 14. Msingi ni kesi ya Ramana Dayaram Shetty ya 1979, iliyohusu mgahawa wa uwanja wa ndege wa Bombay: chombo cha serikali kikishatangaza vigezo, nacho kinafungwa navyo. Lakini mlalamikaji hakupata alichoomba. Alikuja miezi mitano na zaidi baadaye, mshindi akiwa ameshatia fedha zake. Chelewachelewa, hata mwenye hoja hutoka mikono mitupu.

Maswali ya wanachama

*Mwalimu, shikamoo. Kiwanja ni cha baba, mimi ndiye mwombaji. Naingia kundi la 1?*

Marahaba. Utaratibu wa 2018 uliruhusu ardhi ya wanafamilia wa karibu, mradi mwenye ardhi atoe kiapo cha ridhaa. Kikague kiapo kama tulivyokagua mhuri: jina, namba ya kiwanja, tarehe.

*Mkuu, kampuni ikiwa binafsi, hatua ya 4 inafaa?*

Kwa kawaida hapana. Ibara ya 14 huibana dola na vyombo vyake. Kampuni binafsi utahangaika nayo kwa mkataba, kwenye mahakama ya madai.

*Je, serikali inaweza kufuta vituo vyote kwa mkupuo ikisikia kuna upendeleo?*

Ilijaribu. Agosti 2002 ilifuta ugawaji wote uliofanyika tangu Januari 2000 kupitia bodi za uteuzi. Desemba mwaka huohuo, kwenye kesi ya Onkar Lal Bajaj, Mahakama ya Juu ilitengua ufutaji huo wa jumla, kwa kuwa uliwachanganya waliopendelewa na waliopata kwa haki. Ugawaji 413 uliotajwa magazetini ulipelekwa kwenye kamati ya majaji wawili wastaafu, uchunguzwe mmoja mmoja.

*Kampuni inasema kiwanja changu kina upungufu wa mita mbili. Mimi nimepima, kimetimia. Jaji atakuja kupima?*

Hatakuja. Mahakama Kuu kwenye ombi la 226 hukwepa ubishi wa ukweli unaohitaji mashahidi. Mwite mpimaji wa serikali sasa, upate ramani yenye saini, uiambatanishe kwenye barua ya hatua ya 3 ili kampuni iwe imeiona kabla ya jaji.