Kabla hujafuata leseni ya udereva iliyofungiwa

Muda wa kufungiwa unakaribia kwisha na tajiri anapiga simu kila siku. Tulia. Kwanza jua aliyekufungia ni nani, polisi au mahakama. Kama ni mahakama, beba nakala ya hukumu. Kama ni trafiki, beba barua ya kufungiwa. Hukupewa barua? Kaiombe leo, maana "niliambiwa kwa mdomo" dirishani haikusaidii.

Kitambulisho cha NIDA na TIN viwe na majina yaleyale, herufi kwa herufi.

Faini unazodaiwa ziangalie kwenye mfumo wa polisi, kwa namba ya leseni na ya gari pia. Lipa kwa kontrolo namba tu. Kishoka anayekwambia "nipe mimi nikamalize ndani" mwache hapohapo chini ya mwembe.

Sasa hili la mfumo ndilo linalowaliza watu. Jirani yetu mmoja hapa Isevya, Tabora, dereva wa fuso, alifungiwa miezi mitatu kwa kuovateki kwenye kona. Kadi alibaki nayo mfukoni, na nadhani ndiyo iliyomponza. Akahesabu miezi kwenye kalenda ya ukutani, ilipotimia akapakia tumbaku Urambo kwenda Morogoro. Ofisini hakupita. Kufika Nzega akasimamishwa, askari akaingiza namba: leseni bado imefungwa. Muda umekwisha, sawa, ila nani ameifungua? Hakuna. Mzigo ukalala barabarani mpaka tajiri alipotuma dereva mwingine, mwenyewe akarudi Tabora na basi. Lile fuso hajaligusa tena.

Kwa hiyo nenda ofisini kabla hujashika usukani, omba wafungue ukiwa umesimama pale, na usitoke mpaka umeonyeshwa kwamba inasoma. Wakisema mtandao hakuna, kaa kwenye benchi usubiri, au rudi kesho asubuhi na mapema.

Kadi yenyewe itazame tarehe. Leseni ni ya miaka 5, na miaka hiyo haikusubiri eti kwa kuwa umefungiwa. Ikiwa imeisha, kuna foleni ya TRA pia, na ada yake. Wa mabasi, cheti chenu cha kuendesha abiria kiwe karibu.

Na hiyo "naenda Ipuli tu, mara moja" acha kabisa. Ukimgonga mtu leseni ikiwa imefungwa, kampuni ya bima ina sababu ya kukukana, halafu utarudi kulekule mahakamani, safari hii na kesi nyingine. Panda bodaboda.