Mgongo: Pa Kulegeza na Pa Kukaza

Mtu akiumwa na kiuno, haraka yake ni kukinyoosha hicho hicho kiuno. Anainama aguse vidole vya miguu, anajipinda huku na huku mpaka mifupa ilie. Anapata nafuu ya dakika chache, kisha maumivu yanarudi palepale. Mara nyingi ugumu hauko kiunoni. Uko kwenye nyonga na mgongo wa juu, na kiuno kimekuwa kikisogea kwa niaba yao kutwa nzima.

Uti wa mgongo una pingili 24 zinazosogea: 7 za shingo, 12 za nyuma ya kifua na 5 za kiuno. Zilizo chini ya hapo zimeungana. Pingili za kiuno ni nene, zimeumbwa kubeba uzito, kuinama na kurudi nyuma. Kwa kuzunguka, zote tano pamoja hazifiki hata nyuzi 15 kila upande. Kazi ya kuzunguka ni ya zile 12 za kifua. Aliyekaa juu ya bodaboda tangu asubuhi, au aliyejikunja kuanika omena (dagaa) pale Dunga, ufukweni mwa Ziwa Victoria huko Kisumu, kifua chake kinakauka katika mkunjo huo. Akitaka kugeuka, kiuno ndicho kinachosukumwa kupita uwezo wake.

Jipime kwanza. Keti kwenye stuli, ubane mto kati ya magoti ili nyonga isihame. Weka mpini wa fagio kifuani, ulale sambamba na mabega, na ukunje mikono juu yake. Zunguka taratibu kulia, kisha kushoto. Ukifika nyuzi 45 hivi, yaani nusu ya njia ya kutazama ubavuni kabisa, mgongo wa juu uko sawa. Ukikwama mapema, au upande mmoja ukabaki nyuma, hilo ndilo la kushughulikia.

Dawa yake ni zoezi la kufungua kifua, na linastahili kufanywa kwa uangalifu kuliko mengine yote. Lala kwa ubavu wa kulia juu ya mkeka, kichwa kwenye mto, mapaja yamekunjwa hadi yafanye pembe mraba na kiwiliwili. Nyoosha mikono miwili mbele, kiganja juu ya kiganja. Vuta pumzi, unapoitoa, inua mkono wa kushoto uuzungushe juu na kuupeleka nyuma, macho yakifuata kidole gumba. Tulia hapo kwa pumzi mbili. Rudia mara 8, kisha ugeuze upande. Kosa liko kwenye magoti: goti la juu likiteleza hata kwa upana wa vidole viwili, nyonga imezunguka na kiuno kimeibeba kazi tena. Ndiyo maana wengine hugusa sakafu nyuma yao kwa urahisi na bado mgongo wa juu ni mgumu. Libane goti la juu kwa mkono wa kulia. Mkono wa kushoto usipofika chini, uache uning'inie, usiulazimishe.

Kabla ya hilo, pasha mgongo kwa mwendo wa paka. Piga magoti, viganja chini ya mabega, magoti chini ya nyonga. Pandisha mgongo juu kama upinde huku kichwa kikiinama, kisha ushushe tumbo na uinue kifua. Mara 6 hadi 8 zatosha. Hapa hatuvuti chochote, tunasogeza tu, kwa hiyo ishia kabla ya mwisho wa mkunjo.

Upande wa nyonga, la kujifunza ni kuinama bila kukunja kiuno. Simama, ushike fimbo iliyonyooka nyuma yako, iguse sehemu tatu: kisogo, katikati ya mabega, na mfupa ulio juu ya makalio. Legeza magoti kidogo, kisha sukuma makalio nyuma kana kwamba unafunga mlango nayo. Kifua kitashuka chenyewe. Fimbo ikiachana na sehemu yoyote kati ya hizo tatu, umekwenda mbali mno, rudi. Fanya mara 10, kila siku. Kwa wanaoketi sana, ongeza hili: goti moja chini juu ya kitambaa, mguu mwingine mbele, kaza kalio la upande wa goti lililo chini, sogea mbele kidogo mpaka uhisi mvuto sehemu ya mbele ya paja. Sekunde 30 kila upande.

Kiuno chenyewe kinahitaji kukazwa. Rudi kwa mikono na magoti kama kwenye mwendo wa paka, nyoosha mkono wa kulia mbele na mguu wa kushoto nyuma, usivipandishe juu kuliko mgongo. Kaa sekunde 8, badilisha. Mara 5 kila upande. Kiuno kikining'inia au nyonga ikiinamia upande mmoja, punguza: nyoosha mguu peke yake kwanza.

Haya yote huchukua dakika 15 hivi. Usiyafanye punde tu baada ya kuamka, wala usikimbilie jembe saa hiyo. Usiku diski zilizo kati ya pingili hufyonza maji na kuvimba, kwa hiyo kuinama alfajiri huzibana kuliko mchana. Jipe nusu saa hadi saa nzima ya kazi za kusimama na kutembea. Wakati wa palizi ya mahindi, kila ukimaliza mstari simama, weka mikono kiunoni, jirudishe nyuma taratibu mara 5, na ubadilishe mkono unaotangulia kwenye mpini. Maji ni kilo moja kwa lita, kwa hiyo mitungi miwili ya lita 10, mmoja kila mkono, ni afadhali kuliko mmoja wa lita 20 unaokuvuta upande. Gunia la mahindi la kilo 90 si la mtu mmoja. Mwendesha bodaboda naye asishuke na kuinua mzigo papo hapo. Atembee dakika mbili tatu kwanza.

Misuli kuuma siku mbili za mwanzo ni kawaida. Maumivu makali yanayoteremka mguuni wakati wa zoezi si kawaida. Acha zoezi hilo. Yakihama kutoka mguuni na kujikusanya kiunoni, hiyo ni dalili njema hata kama kiuno kinauma zaidi kidogo.

Mazoezi yasubiri, nenda hospitali, ikiwa mgongo unauma usiku hata ukiwa umelala, una homa, unatoka jasho usiku au unakonda: kifua kikuu hushika pia uti wa mgongo, na kinatibika kikigunduliwa mapema. Vivyo hivyo baada ya kuanguka au ajali. Na ukihisi ganzi sehemu za siri na mapajani kwa ndani, miguu ikalegea, au ukashindwa kuzuia au kutoa haja, usingoje kesho. Ni dharura ya siku hiyo hiyo.