Namna ya Kumtambua Nondo wa Kantangaze Shambani

Kantangaze, ambaye wataalamu humwita Tuta absoluta, ni nondo mdogo mwenye asili ya Amerika ya Kusini, aliyeonekana Hispania mwaka 2006 na kufika Tanzania na Kenya mwaka 2014. Mtafute alfajiri au jua linapozama, kwani mchana hujificha katikati ya majani ya nyanya.

Aliyenaswa kwenye mtego wa feromoni (harufu ya nondo jike) mtazame mapema kwa kioo cha kukuzia, kwa sababu gundi hubandua magamba ya mbawa, na bila magamba nondo wadogo karibu wote hufanana. (Mtego huo huvuta madume tu, ukiukuta mtupu, usidhani shamba liko salama.) Urefu wake ni milimita 5 hadi 7, kama punje ya mchele, mbawa za mbele ni za kijivu chenye mng'ao wa fedha na zimetapakaa madoa meusi, huku vipapasio vyake vyembamba vikiwa na pingili nyeusi na nyeupe zinazopokezana.

Hata hivyo, umbo la nondo pekee halitoshi, maana nondo wa viazi hukaribiana naye mno. Chukua jani lenye baka pana linalopitisha mwanga, ulipasue taratibu: ukimkuta kiwavi wa kijani au waridi mwenye mstari mwembamba mweusi nyuma ya kichwa, huyo ndiye. Michirizi myembamba iliyojipindapinda kwa kawaida ni kazi ya funza wa inzi, si kantangaze.